Nani Atamnakili Kanumba?

Baada ya mavuno, jua la Juni linapoyakausha mabua na pamba ikianza kumiminika kwenye vituo vya kununulia, nchi ya Wasukuma huingia katika msimu wa ngoma. Makundi mawili ya wachezaji, Bagika na Bagalu, ambayo ushindani wao umerithiwa kizazi baada ya kizazi, hukutana uwanjani na kucheza kwa wakati mmoja, kila moja upande wake. Hakuna jopo la waamuzi linaloketi mezani na kalamu mkononi. Mwamuzi ni umati. Watu husimama katikati, wakasikiliza huku, wakatazama kule, kisha miguu yao ikaamua. Na kundi litakalowavuta wengi zaidi ndilo lililoshinda. Ndiyo maana wachezaji huleta uwanjani kila lililo la ajabu: nyoka hai shingoni, sanamu za mti zitikisazo vichwa, mavazi yasiyopata kuonekana mwaka uliopita. Mchezaji asiyeweza kuigeuza miguu ya watu huenda akawa fundi, lakini siku hiyo ameshindwa.

Kipimo hicho kinafaa kukumbukwa kila linapotajwa jina la Steven Kanumba, mwigizaji na mwongozaji wa filamu aliyetoka katika nchi hiyo. Wahakiki walimpima kwa mizani ya vyuo na matamasha, wakamwona mwepesi. Umati ulimpima kwa miguu yake, na miguu hiyo haikumwacha mpaka kaburini. Lakini ipo mizani ya tatu, ijulikanayo sana na wapenzi wa ushairi wa pwani, nayo kwake haijatumika bado. Ni mizani ya mnakili, yaani yule abakiaye ngoma ikiisha, akayaandika yaliyoimbwa ili yasipotee.

Kanumba alizaliwa tarehe 8 Januari 1984 mkoani Shinyanga, mwana wa baba Msukuma. Zama hizo Bariadi na Maswa zilikuwa wilaya za mkoa huo huo. Mkoa wa Simiyu, ambao makao yake makuu ni Bariadi, ulitangazwa rasmi Machi 2012, na mwezi uliofuata Kanumba akaiaga dunia. Kwa hiyo umri wake wote, ukiacha majuma machache ya mwisho, mtu wa Bariadi alikuwa na haki ya kumwita kijana wa mkoa wake, na haki hiyo aliitumia. Alisoma shule ya msingi Bugoyi mjini Shinyanga, akaingia sekondari ya Mwadui, jirani na mgodi wa almasi ulioanzishwa na Williamson mwaka 1940, kisha akahamia Dar es Salaam kumalizia masomo yake. Wengi waliotoka bara kwenda mjini walikwenda kutafuta kazi yenye kiti na meza. Yeye mwaka 2002 alijiunga na kikundi cha Kaole, ambacho michezo yake ya kuigiza ilirushwa na televisheni ya ITV na kuwafungia watu majumbani saa za jioni.

Ili kulielewa alilolifanya baadaye, sharti msomaji arudi kwanza Bariadi, aingie kibandani.

Katika miaka ya 1990 na mwanzoni mwa miaka ya 2000, sinema haikufika katika miji midogo ya Usukuma kwa jumba lenye viti vya kukunja na pazia jekundu, kama lilivyokuwa Majestic ya Vuga, ambako Wazanzibari walilia na kucheka na mashujaa wa Bombay. Ilifika kwa kibanda. Kibanda chenyewe kilikuwa cha mabati au turubai, mabenchi ya mbao, televisheni moja juu ya meza, deki ya video, na jenereta likinguruma nje. Msimu wa pamba ndio uliokuwa msimu wake wa heri: mkulima akishalipwa, watoto nao hupata vijisenti vya kiingilio. Kilichoonyeshwa humo kilitoka mbali. Yalikuwa mapigano ya Hong Kong, mapenzi ya Bombay, mitutu ya Marekani, na baadaye majumba ya kifahari na uchawi wa Nigeria.

Hapo ndipo alipopata nafasi yake mfasiri wa sinema, ambaye maarufu kuliko wote nchini alikuwa Derek Mukandala, aliyejulikana kwa jina la Lufufu. Sauti ya mfasiri ilitiwa juu ya sauti ya filamu, naye hakushikilia neno kwa neno. Aliingia katikati ya mazungumzo, akaeleza, akatania, akaonya, akampa jambazi wa ng'ambo tabia na maneno ya mtaani. Mwenye kuujua utenzi wa kale atamtambua mtu huyu mara moja, kwani watunzi wengi wa tenzi za pwani walifanya vivyo hivyo walipovichukua visa vya Kiarabu: hawakuvihamisha, walivisimulia upya kwa watu wao.

Hata hivyo, katika ufundi huo wote ulibaki ufa mmoja. Mtoto aliyeketi kwenye benchi lile alisikia Kiswahili, lakini midomo aliyoiona ikicheza ilikuwa ya lugha nyingine. Sauti na uso havikuwa vya mtu mmoja. Si kwamba Mtanzania hakuwahi kamwe kujiona katika picha. Mwaka 1952 ilitengenezwa filamu ya *Muhogo Mchungu*, na mhusika wake mkuu akawa kijana Rashidi Kawawa, ambaye muongo mmoja baadaye alikuwa Waziri Mkuu. Mwaka 1968 serikali iliunda Kampuni ya Filamu Tanzania, na ikatoka *Fimbo ya Mnyonge*, kisha *Arusi ya Mariamu* mwaka 1985. Lakini hizo zilikuwa filamu za kuhesabika kwa vidole, na nyingi zilikuja kumfundisha mwananchi kilimo, afya au siasa. Zilizungumza naye kama mwalimu azungumzavyo na darasa. Aliyetaka kulia kwa mapenzi na kucheka kwa fitina za mawifi alilazimika kulia na kucheka na watu wa nchi nyingine.

Ufa huo ndio ambao Kanumba na wenzake waliuziba. Mwaka 2003 filamu ya *Girlfriend*, iliyoongozwa na Mkenya George Otieno Tyson, iliwaonyesha vijana wa Dar es Salaam kwamba kisa cha mtaani kwao chaweza kuuzwa madukani. Kanda zikafuata kanda. Mwaka 2006 Kanumba alicheza *Dar 2 Lagos*, filamu iliyoongozwa na Mnigeria Femi Ogedegbe, na kwa mara ya kwanza uso wa Mtanzania ukasimama bega kwa bega na nyuso za Lagos ambazo vibanda vilikuwa vimezizoea. Mwaka 2008 ikaja *Oprah*, akiwa pamoja na Vincent Kigosi, yule aitwaye Ray, na Irene Uwoya. Mwaka 2011 ikaja *Devil Kingdom*, akiwa na Ramsey Nouah wa Nigeria. Katikati ya hizo ziko nyingine nyingi, kama *Uncle JJ* na *This Is It*, ambamo aliwaweka watoto wadogo mbele ya kamera na kuwaacha wazungumze kitoto, jambo ambalo waongozaji wengi hulikwepa.

Kufikia hapo hakuwa tena mwigizaji wa kuitwa na kulipwa. Alikuwa na kampuni iliyobeba jina lake. Alibuni visa, akatayarisha, akaongoza, na jioni hiyo hiyo akavaa suti na kuigiza. Kazi ya mwongozaji katika sinema ya Bongo ya wakati ule si ya kuwaziwa kwa mfano wa Ulaya, ambako mtu mmoja huketi kwenye kiti chake na mafundi mia wakamngoja. Kamera ilikuwa moja, ndogo. Nyumba ilikuwa ya kuazima, na mwenye nyumba huenda akarudi kabla ya tukio la mwisho. Umeme ukikatika, kilio cha mwigizaji kilikatwa nao. Filamu nzima ilipigwa kwa siku chache, ikagawanywa sehemu ya kwanza na ya pili ili iuzwe mara mbili, na ikaingia sokoni kabla msambazaji hajachoka kungoja. Mwongozaji katika hali hiyo hafanani na mbunifu wa majengo. Anafanana zaidi na nahodha wa jahazi lenye tanga bovu: sifa yake kubwa ni kufika.

Ni haki kusema kwamba haraka hiyo ilionekana. Visa vilijirudia. Sauti iliruka. Majumba yaliyokodiwa, magari yaliyong'arishwa na simu za gharama zilionyeshwa kwa muda mrefu kuliko zilivyohitajika, kana kwamba kamera yenyewe ilikuwa imetoka kijijini asubuhi ile na haijamaliza kushangaa. Mkono wa Nigeria ulikuwa dhahiri mno. Na tafsiri za Kiingereza zilizoandikwa chini ya picha zilikuwa na makosa ambayo mwanafunzi wa sekondari angeyasahihisha. Aliyewapenda wasanii hao hana budi kuyakiri haya, maana mapenzi yanayoficha kasoro humdharau mpendwa.

Lakini katika jambo la lugha pana fumbo linalostahili kutazamwa kwa utulivu. Takriban filamu zote alizozifanya Kanumba zina majina ya Kiingereza, na takriban zote ndani yake ni Kiswahili. Mlango una kibao cha kigeni, nyumba ni ya Mswahili. Wapo waliolitazama hilo wakaona utumwa wa fikra, na hawakukosa ushahidi. Mwaka 2009 Kanumba alialikwa kama mgeni katika nyumba ya shindano la Big Brother Africa huko Afrika Kusini, na alipozungumza Kiingereza, Watanzania wenzake ndio waliomcheka kuliko wote. Waliocheka walikuwa wamesahau kwamba hakuna aliyempenda kwa Kiingereza chake. Kilio chake, kiburi chake, masihara yake na toba yake, vyote walivipokea kwa Kiswahili. Alichekwa kwa kutokuijua vyema lugha ya kibao, na watu ambao yeye alikuwa amewajengea nyumba.

Liko na la pili, ambalo masikio ya pwani yanapaswa kulisikia. Katika maigizo ya Tanzania, Msukuma amefanywa kwa muda mrefu kuwa kichekesho. Huletwa jukwaani na lafudhi nzito, suruali fupi na mshangao wa mshamba aliyeliona jiji leo. Hadhira hucheka kabla hajasema neno. Kijana atokaye Shinyanga akitafuta njia ya mkato ya kupendwa, njia hiyo ilikuwa wazi mbele yake. Kanumba hakuipita. Alijipa nafasi za daktari, tajiri, mume mwenye kuonea au kuonewa, mwana mpotevu. Wakosoaji waliposema kwamba alipenda mno kuvaa suti, hawakutazama suti hiyo ilikuwa inavua nini. Katika benchi la kibanda cha Bariadi, mtoto aliyezoea kusikia jina la kabila lake likitamkwa kwa kicheko alimwona kijana wa kwao akiingia sebuleni, akaketi, akazungumza Kiswahili kilichonyooka, na wote waliokuwa sebuleni wakanyamaza kumsikiliza.

Usiku wa kuamkia Jumamosi, tarehe 7 Aprili 2012, Kanumba alifariki nyumbani kwake Sinza, Dar es Salaam, akiwa na umri wa miaka 28. Namna alivyokufa ilipelekwa mahakamani, na mwaka 2017 mahakama ikatoa hukumu ya kuua bila kukusudia. Hayo yamekwisha kuandikwa kwa wino mwingi, na wapo walioumia ambao hawahitaji kuumizwa tena. Visiwani tarehe ile ilikuwa tayari ni ya majonzi, kwani ilitimia miaka 40 kamili tangu Mzee Abeid Amani Karume alipouawa. Bendera, hotuba na dua za Kisiwandui zikapishana siku hiyo na habari iliyopita katika simu za mkononi, kwanza kama uvumi, kisha kama kilio.

Tarehe 10 Aprili umati uliufurika uwanja wa Leaders, Kinondoni. Makamu wa Rais, Dkt. Mohammed Gharib Bilal, alikuwapo; wauza maji na wapiga debe walikuwapo; wanawake walizimia kwa joto na msongamano. Jiji lilikuwa halijapata kumwaga watu wengi kiasi kile kwa ajili ya msanii. Kutoka hapo akasindikizwa hadi makaburi ya Kinondoni. Huko bara, waliokosa nauli ya basi walikusanyika mbele ya televisheni za madukani, wakasimama kwa saa kadhaa. Kwa kanuni ya Bagika na Bagalu, hukumu ilikuwa imetolewa, na haikuwa na rufaa.

Ngoma, hata hivyo, ikiisha, vumbi hutua na watu hurudi makwao. Swali la mnakili huanzia hapo.

Muyaka bin Haji wa Mombasa alifariki mnamo mwaka 1840. Naye alikuwa mtu wa umati. Alitunga ya vita na ya soko, ya mke na ya jirani, ya njaa na ya majivuno ya mji, na mashairi yake yalipita midomoni mwa watu kama maji mferejini. Lau yangeachiwa midomo peke yake, leo yangebaki mafungu ya mistari bila mwenyewe. Yaliokolewa na Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi, ambaye miongo kadhaa baadaye aliyakusanya kutoka katika kumbukumbu za wazee, akisaidiana na Mwingereza William Taylor. Karatasi hizo zilisafiri hadi London. Diwani ikachapwa mwaka 1940, miaka mia moja baada ya kifo cha mtunzi. Kila anayemsoma Muyaka leo ana deni kwa mtu ambaye jina lake, kwa kejeli tamu ya lugha, ni Sikujua.

Kanumba hana Sikujua wake. Filamu zake ziliuzwa kwa diski, na diski ni chombo dhaifu kuliko karatasi: karatasi huliwa na mchwa kwa miaka hamsini, diski huliwa na mkwaruzo wa siku moja. Watayarishaji wengi wa zama zile waliuza haki zote za filamu kwa msambazaji kwa malipo ya mara moja. Waliokufa mapema hawakuacha cha kurithiwa ila jina. Maharamia walinakili pia, lakini unakili wao ulikuwa wa kuiba, nao ulififisha picha kila ulipopita. Mwaka 2013 serikali ilianzisha stempu za kodi kwenye diski za muziki na filamu ili kuuzuia wizi huo. Muda si mrefu soko lenyewe la diski likazama, watu wakahamia kwenye ving'amuzi na simu, na maduka yaliyouza filamu za Bongo yakaanza kuuza vifuniko vya simu.

Msomaji mwenye kujali ushairi anaweza kuuliza kama kazi hizi zinastahili taabu ya mnakili. Muyaka ni Muyaka, atasema. Huyu alikuwa kijana wa video. Swali ni la haki, na jibu lake liko katika lugha. Hakuna kamusi iliyonasa jinsi watu wa Dar es Salaam walivyogombana, walivyobembelezana, walivyoposa na walivyoomba radhi kati ya mwaka 2003 na 2012, kama zilivyonasa filamu hizi. Humo mna salamu ambazo zimekwisha kuchakaa, matusi ambayo yamekwisha kupoa, na mizaha ambayo wajukuu watahitaji kuelezwa. Mna sauti za watu walio hai, zikiwa na pumzi yake. Wanaisimu wa karne iliyopita walizunguka Mombasa na Lamu wakiandika methali kwa penseli ili kukipata nusu ya hicho. Na wale waliomnakili Muyaka hawakumnakili kwa sababu kila ubeti wake ulikuwa lulu, bali kwa sababu walijua kwamba mteuzi wa lulu ni wakati, na wakati hauwezi kuteua kisichokuwapo.

Visiwani panajulikana jinsi ya kutunza. Nyumba ya Nyaraka ya Kilimani imehifadhi hati ambazo mwandishi wake alizitunza sandukuni na karafuu. Riwaya ya Adam Shafi, *Vuta N'kuvute*, ilikaa rafuni zaidi ya miaka ishirini kabla Amil Shivji hajaigeuza filamu, ambayo mwaka 2021 ilionyeshwa katika tamasha la Toronto. Ilingoja kwa sababu kitabu kinaweza kungoja. Filamu ya diski haiwezi. Kazi inayotakiwa si kubwa kama inavyodhaniwa: kuzitafuta nakala zilizo nzima, kuzihamishia mahali salama, kuyaandika mazungumzo yake, na kuwauliza waigizaji na wapiga picha, wakiwa bado wangali hai, nani alisimama wapi na kwa nini.

Na pa kuanzia pako. Bariadi, kama katika miji mingi ya bara, diski za Kanumba bado zimo kabatini, chini ya vitenge na vitabu vya akiba, zikiwa katika mifuko ya nailoni yenye picha yake akiwa amevaa suti. Nyingine zina mikwaruzo kipande cha harusi, kwa kuwa hapo ndipo paliporudiwa zaidi. Wenyewe hawazitupi, ingawa deki za kuzichezesha zilikwisha kuharibika na fundi hana tena vipuri. Wanazitunza bila kuweza kuzitazama, wakimngoja mtu atakayebisha hodi na kuziomba.